Nyangumi, Pomboo na Chumba Changu cha Utrasaundi

Akina mama wanaokuja kupimwa ujauzito huniuliza kuhusu jeli kabla hawajauliza kuhusu mtoto. "Dokta, hii ya nini?" Mwezi wa saba Moshi ina baridi yake, jeli nayo ni ya baridi, na mtu amelala tumbo wazi, kwa hiyo wana haki ya kuuliza. Huwa nawajibu kwamba sauti na hewa hazipikiki chungu kimoja. Kile kifaa ninachokishika mkononi kinatuma sauti yenye mitetemo milioni tatu na nusu kwa sekunde, ambayo sikio la mtu haliwezi kuisikia, kisha kinasubiri mwangwi. Ikibaki hewa kidogo tu kati ya kifaa na ngozi, karibu sauti yote inagonga hapo na kurudi, na kwenye skrini sioni kitu. Jeli kazi yake ni kuifukuza hiyo hewa. Ndiyo maana pia mama mwenye mimba changa tunamwambia anywe maji asiende chooni: kibofu kilichojaa kinaipitisha sauti vizuri. Gesi ya utumbo ndiyo adui yetu mkubwa. Kongosho la mtu aliyejaa gesi unaweza kulitafuta mpaka foleni nje ianze kunung'unika.

Nimeanza na jeli kwa sababu ndiyo iliyonipeleka kwa nyangumi na pomboo. Mimi ni mtu wa mlimani, nimekulia Kibosho, na maji niliyoyajua utotoni ni ya mfongo, yaani mfereji, unaopita kwenye migomba. Watu wanaonifahamu hushangaa kuniona nasoma kila ninachokipata kuhusu wanyama wa baharini. Lakini ukikaa siku nzima kwenye chumba chenye pazia zito na taa iliyozimwa, ukimtazama mtu ndani ya mwili wake kwa kutumia sauti peke yake, unaanza kujiuliza ni nani mwingine anayeishi hivi. Wapo, na walianza zaidi ya miaka milioni 25 iliyopita.

Aliyenisukuma kabisa ni mzee mmoja, mvuvi mstaafu wa Pangani, anayekaa na binti yake hapa Moshi. Alikuja kupima figo.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu."

Nikampaka jeli, nikaanza na figo ya kulia. Yeye alikuwa amegeuza shingo anaitazama skrini. Baada ya muda akauliza, "Kwa hiyo hapo hunioni kwa macho?"

"Hapana mzee. Natuma sauti, ikirudi mashine inachora."

Akafikiri kidogo. "Basi unafanya kazi ya pomboo."

Kisha akanieleza, huku nikimwambia avute pumzi na kuishikilia, jinsi walivyokuwa wakitega usiku usio na mwezi, na pomboo wakiizunguka nyavu bila kuigusa, kana kwamba kumewaka taa chini. Zile nyavu za zamani za nyuzi nene, alisema, walizijua. Hizi za nailoni nyembamba zilipoingia ndipo walipoanza kuwakuta wamenasa, wamekufa. "Haizioni," alisema, akimaanisha ile sauti yao.

Maneno yake yalinikaa kichwani, na nilipokuja kusoma historia ya jambo hili nilikuta limeanza namna hiyohiyo, kwa watu wa nyavu. Arthur McBride alikuwa msimamizi wa bwawa la wanyama wa baharini huko Florida, Marekani. Mwaka 1947 aliandika kwenye daftari lake kwamba pomboo waliokuwa wakikamatwa usiku, kwenye maji machafu yasiyoonekana kitu, waliukwepa wavu wenye matundu madogo lakini wenye matundu makubwa waliuingia. Akahisi wanatumia kitu kama cha popo. Hilo la popo lilikuwa bado jipya wakati huo. Donald Griffin alikuwa ametoka tu kuonyesha kwamba popo huruka gizani kwa kusikiliza mwangwi wa sauti zao wenyewe. McBride alifariki kabla maandishi yake hayajachapishwa. Yalitoka mwaka 1956. Miaka michache baadaye Kenneth Norris, mwanabiolojia wa California, alimfunika pomboo macho kwa vikombe laini vya mpira vinavyonata, akamwachia kwenye bwawa lenye nguzo zilizosimamishwa ndani ya maji. Pomboo akapita katikati yake bila shida.

Nailoni nayo ina maelezo yake, na ni yaleyale ninayokutana nayo kazini. Mwangwi unazaliwa pale sauti inapokutana na kitu kisichofanana na kile ilichokuwa inapita ndani yake. Tofauti ikiwa kubwa, mwangwi ni mkubwa. Tofauti ikiwa ndogo, sauti inapita kama vile hakuna kitu. Uzi mwembamba wa nailoni ndani ya maji haupishani sana na maji yenyewe, kwa hiyo unarudisha kidogo mno. Jiwe la figo, kinyume chake, linang'aa na kuacha kivuli nyuma yake. Na hewa ndiyo inayorudisha kuliko vyote.

Hapa ndipo nilipoanza kumheshimu pomboo kwa dhati. Hewa inayotuharibia sisi picha, yeye kaifanya kifaa cha kazi, na si mahali pamoja tu. Pomboo hatoi sauti yake ya kupimia kwa koo kama sisi. Chini kidogo ya tundu lake la kupumulia, ndani ya njia za pua, kuna vikunjo viwili vya nyama vinavyogongana hewa inapopita, na kila kugongana ni mpigo mmoja mfupi mkali. Hewa yenyewe haitoki nje. Inaingia kwenye vifuko, inarudishwa, inatumika tena, kwa hiyo anaweza kuendelea kupiga muda wote akiwa chini ya maji. Vifuko hivyo, kwa kuwa vimejaa hewa, vinaizuia sauti isipotelee nyuma, vinairudisha mbele. Mbele kuna lile paji la uso lililotuna, ambalo limejaa mafuta ya aina ya pekee. Sauti inapita polepole zaidi katikati ya hayo mafuta kuliko pembeni, kwa hiyo inakusanywa na kutoka ikiwa mwale mwembamba, na kwa kuwa mafuta hayo yanakaribiana na maji, inaingia baharini bila kugonga ukuta. Jeli yake anayo kichwani.

Upande wa kupokea ni wa ajabu zaidi. Pomboo hana masikio ya nje, amebakiwa na kitundu kidogo sana kando ya kichwa. Norris ndiye aliyependekeza, katika miaka ya 1960, kwamba sauti inaingilia kwenye taya la chini. Taya hilo upande wa nyuma lina mfupa mwembamba sana, na ndani yake kuna mafuta mengine ya aina ileile ya pekee, yanayokwenda moja kwa moja mpaka kwenye sikio la ndani. Mwaka 1988 watafiti walimvalisha pomboo kifuniko cha kuzuia sauti kwenye taya la chini, na uwezo wake wa kutambua vitu ukashuka. Mafuta hayo ya paji na taya hata pomboo akikonda kwa njaa mwili hauyagusi. Na mifupa ya sikio lenyewe haijashikamana na fuvu kama yetu; imezungukwa na povu la hewa, ili sauti isiingie ovyo kutoka kila upande. Ndiyo maana anajua mwangwi umetoka kulia au kushoto, jambo ambalo mpiga mbizi wa kibinadamu hawezi, kwa sababu ndani ya maji sauti inatutetemesha fuvu zima kwa pamoja.

Halafu kuna samaki. Samaki wengi wana kibofu cha hewa kinachowasaidia kuelea. Nyama ya samaki haitofautiani sana na maji, lakini hicho kibofu chenye hewa kinang'aa kwenye mwangwi. Pomboo anapompima samaki, sehemu kubwa ya anachokipata kinatoka ndani ya tumbo la huyo samaki. Kwa hiyo mzee wa Pangani alikuwa sahihi zaidi kuliko alivyojua.

Ndani ya maji ya bahari sauti inakwenda takriban mita 1,500 kwa sekunde, zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani. Mashine yangu imewekwa kuamini kwamba ndani ya mwili inakwenda mita 1,540. Karibu sawa, maana sisi nasi tumejaa maji. Sentimita moja kwenda na kurudi ni kama sehemu 13 za milioni ya sekunde, kwangu na kwa pomboo. Mashine ikitaka kutazama mbali inabidi isubiri zaidi kabla ya kutuma tena, ama sivyo mwangwi wa kwanza utachanganyika na mpigo wa pili. Pomboo anafanya hesabu hiyohiyo bila kuambiwa. Akipima kitu kilicho mita 75 mbele, mwangwi unachukua sehemu moja ya kumi ya sekunde kurudi, na yeye anatulia mpaka urudi, anaongeza kapumziko kidogo ka kuuelewa, ndipo anapiga tena. Akikaribia anaongeza kasi. Akiwa karibu kabisa na samaki mipigo inakuwa mamia kwa sekunde na masikioni mwetu inasikika ni mngurumo mmoja.

Jinsi picha yake ilivyo safi ni jambo lililopimwa. Huko Hawaii pomboo aliweza kutambua kwamba mpira wa chuma wenye upana wa sentimita 7.6 upo ndani ya maji akiwa zaidi ya mita 100 kutoka hapo. Katika jaribio lingine, vyuma viwili vya mviringo vilivyo wazi ndani, vinavyofanana kwa nje, alivitofautisha kwa unene wa ukuta, na tofauti hiyo haikufika hata nusu milimita. Kuna jaribio la miaka ya 1990 ambalo mimi naliona ni kubwa kuliko yote: pomboo aliachiwa akipime kitu kwa sauti tu, kikiwa kimefichwa ndani ya sanduku asiloweza kuona ndani yake, kisha akaonyeshwa vitu hewani, nje ya maji, ambako anaweza kutumia macho pekee. Akachagua kilekile. Maana yake sauti inampa umbo, na umbo hilo linaongea na jicho lake. Nilipolisoma hilo nilikumbuka wanafunzi wa mazoezi wanaokuja kwetu, wanavyoona kijivu na vumbi tu kwenye skrini kwa muda mrefu, halafu siku moja wanasema, "Ahaa, ini." Kwa pomboo hilo linatokea utotoni.

Sasa nyangumi. Kazini tuna vifaa vya mkononi vya aina zaidi ya moja. Tezi ya shingoni iko juujuu, naipima kwa kifaa chenye mitetemo mingi sana, kinachoonyesha vitu vidogo lakini hakifiki mbali. Ini la mtu mnene liko ndani, nalo linataka mitetemo michache zaidi, inayofika mbali lakini haionyeshi vitu vidogo vizuri. Hakuna kifaa kitakachokupa vyote viwili, hiyo ni sheria ya sauti yenyewe. Ukiishika sheria hiyo, ukoo mzima wa nyangumi, pomboo wakiwemo, unajipanga mbele ya macho yako.

Pomboo wadogo wanapiga kwa mitetemo mpaka 120,000 na zaidi kwa sekunde, na wanasikia mpaka kama 150,000. Sisi tunaishia 20,000, na umri ukienda tunapungukiwa. Kwa mitetemo 120,000 urefu wa wimbi ndani ya maji ni kama sentimita moja na robo, kwa hiyo anapata samaki na vitu vidogo, lakini katika umbali wa mita makumi au mia. Nyangumi yule mwenye kichwa kikubwa cha mraba, Physeter macrocephalus kwa jina la kisayansi, anapiga kwa mitetemo ya chini zaidi, karibu 15,000, na anapiga kwa nguvu ambayo hakuna kiumbe mwingine aliyepimwa anayeifikia. Kichwa chake ni theluthi moja ya mwili wake, na kimejaa mafuta ambayo wazungu walimwindia kwa karne nzima wakayachome kwenye taa. Walidhani ni hazina ya mafuta tu. Ni chombo cha sauti, kikubwa kuliko basi dogo. Mpigo unazaliwa mbele puani, unarudi nyuma kupitia mafuta mpaka kwenye fuvu, unagonga kifuko cha hewa kilicho pale, unasukumwa tena mbele na kutoka. Anahitaji nguvu hiyo kwa sababu anakwenda kutafuta ngisi kwenye kina cha mita 1,000 na zaidi, na ngisi hana kibofu cha hewa cha kumsaliti. Mwanga wa jua unakuwa umeshaisha muda mrefu kabla ya kufika huko; chini ya mita 200 umebaki hafifu sana.

Yupo na nyangumi wa Cuvier, ambaye rekodi yake ya kuzama ni mita 2,992, na mwingine wa aina hiyo alirekodiwa kukaa chini dakika 222 bila kupumua. Mimi nikimwambia mgonjwa ashike pumzi sekunde kumi na tano ananitazama vibaya.

Nyangumi wakubwa kuliko wote, wale wasio na meno wanaochuja chakula kwa mabamba yaliyoning'inia mdomoni, hawajaonekana kupima kwa mwangwi kama pomboo. Wao kazi yao ni kusikiliza na kuitana, na wamechagua upande wa pili wa ile sheria. Milio ya nyangumi wa buluu iko karibu na mitetemo 20 kwa sekunde na mingine chini ya hapo, pale ambapo sikio letu linaishia. Wimbi moja la sauti hiyo lina urefu wa kama mita 75. Haliwezi kumwonyesha samaki, lakini linasafiri mamia ya kilomita. Fikiria mtu aite akiwa Arusha na mwenzake amsikie akiwa Tanga.

Nyangumi-nundu ni wa kundi hilo, na ndio wageni wetu. Kila mwaka, kuanzia mwezi wa saba, wanatoka kwenye maji ya baridi ya kusini mwa dunia na kuja mpaka pwani ya Afrika Mashariki, Mafia, Unguja, Pemba, kuzaa na kutafutana. Madume wanaimba. Roger Payne na Scott McVay walichapisha mwaka 1971 uchambuzi ulioonyesha kwamba milio hiyo ina mpangilio wa kweli wa wimbo, vifungu vinavyorudiwa kwa utaratibu, na wimbo mmoja unaweza kuchukua nusu saa. Mzee wa Pangani aliniambia aliwahi kuusikia akiwa amezama kutafuta pweza, na kwamba aliusikia kifuani kabla ya masikioni. Namwamini. Sauti nzito ndani ya maji haina mlango wa kubishia, mwili wote ni mlango.

Hisi nyingine nitazipitia haraka, kwa kuwa baharini nazo zina kazi lakini si za kulinganishwa na hii. Macho wanayo, na si mabaya, yanaona ndani na nje ya maji, ila wamepoteza sehemu ya vipokezi vya rangi na kwa kiasi kikubwa dunia yao haina rangi kama yetu. Pomboo wa mto Ganges, anayeishi kwenye maji ya matope, amefika mbali zaidi: jicho lake halina hata lenzi, anaishi kwa mwangwi. Kunusa, nyangumi wenye meno wameacha kabisa. Wasio na meno wamebakiwa nako kidogo. Ladha nazo nyingi zimepotea, chumvi imebaki. Ngozi yao inahisi mguso vizuri sana, na yale mavimbe kwenye kichwa cha nyangumi-nundu kila moja lina unywele wake wenye mishipa ya fahamu. Na mwaka 2011 iligundulika kwamba pomboo mmoja wa pwani za Amerika Kusini ana vishimo mdomoni vinavyohisi umeme dhaifu unaotolewa na miili ya samaki. Vishimo hivyo ni mabaki ya sharubu za mababu zake. Nikiwa na nafasi nitaandika hilo peke yake.

Kilichonifanya niandike leo ni kelele.

Bahari tunayoiona kwenye picha za watalii imenyamaza, ni buluu tu. Chini ya maji sivyo. Meli kubwa ya mizigo inatoa kelele nzito, nyingi chini ya mitetemo 1,000 kwa sekunde, palepale nyangumi wakubwa wanapoitana. Mwaka 2024 timu ya Coen Elemans huko Denmark ilieleza jinsi koromeo la nyangumi hawa linavyotoa sauti, na ikaonyesha kwamba mwili wao una mipaka: sauti hiyo wanaitoa kwenye kina kisichozidi kama mita 100, na haipandi juu sana ya mitetemo 300. Kwa maneno mengine hawawezi kupandisha sauti juu ya kelele ya meli, na hawawezi kushuka chini wakaitoa huko. Wamebanwa kwenye chumba kimoja na injini zetu.

Na inawaumiza kwa namna inayopimika. Baada ya mashambulizi ya Septemba 11, 2001 nchini Marekani, meli zilipungua ghafla kwenye Ghuba ya Fundy, Kanada. Wapo watafiti waliokuwa wakikusanya kinyesi cha nyangumi hapo kwa ajili ya kazi nyingine. Matokeo yalipochapishwa mwaka 2012, yalionyesha kwamba siku zile bahari ilipotulia homoni za msongo kwenye miili ya nyangumi nazo zilishuka. Mwezi wa tatu mwaka 2000, kule Bahamas, wanyama 17 wa ukoo wa nyangumi, wengi wao wa aina ya yule mzamiaji wa Cuvier, walikwama ufukweni ndani ya muda mfupi. Baadhi walikutwa na damu kuzunguka masikio. Ripoti ya serikali ya Marekani yenyewe ilikubali kwamba mitambo ya sauti ya manowari zake iliyokuwa ikitumika kwenye mazoezi ndiyo iliyohusika.

Kwetu kuna kelele yetu. Mwaka 2015 watafiti walipita na boti pwani yote ya Tanzania wakivuta maikrofoni za chini ya maji, lengo likiwa kuwasikiliza nyangumi na pomboo. Ndani ya takriban mwezi mmoja maikrofoni hizo zilinasa zaidi ya milipuko 300 ya uvuvi wa mabomu, na zaidi ya nusu ilikuwa si mbali na Dar es Salaam. Baada ya hapo doria ziliongezwa na milipuko ikapungua sana, jambo ambalo linastahili pongezi za wazi. Mzee wangu aliniambia bomu likipigwa upande wa pili wa mwamba, ukiwa umekaa ndani ya mtumbwi unalisikia makalioni. Huyo ni mtu, yuko hewani, juu ya ubao. Kiumbe ambaye taya lake lote limeumbwa kupokea sauti yuko ndani ya maji hayohayo.

Na sasa naongea na watu wa Arusha na Moshi, maana tunajidanganya kwamba haya ni mambo ya watu wa pwani. Pita barabara yoyote yenye ofisi za utalii hapa mjini, au kule Arusha karibu na Mnara wa Saa, utaona mabango: Kilimanjaro, Serengeti, Zanzibar. Mgeni anashuka mlimani amechoka, anauziwa siku chache za ufukweni, na ndani yake kuna "kuogelea na pomboo" Kizimkazi, kusini mwa Unguja. Safari hiyo mara nyingi inauzwa hapa. Utalii huo ulioanza miaka ya 1990 una jema lake kubwa, kwani pomboo wa Kizimkazi walikuwa wakiwindwa kwa ajili ya chambo cha papa, na uwindaji huo ulikoma walipoonekana wana thamani wakiwa hai. Sipendekezi ufungwe. Lakini tafiti zilizofanywa palepale zimeonyesha kwamba boti zikiwa zimewazunguka, pomboo wanapunguza kupumzika na kutafuta chakula, wanatumia muda mwingi kuhamahama.

Injini ya boti ndogo haiifuniki mipigo yote ya kupimia, kwa kuwa mingine iko juu mno. Inachokiingilia zaidi ni miluzi. Kila pomboo wa jamii hii ana mluzi wake mwenyewe anaojitambulisha nao, anaoanza kuutumia akiwa mdogo, na mama na mtoto wanatafutana kwa miluzi hiyo wanapoachana. Boti kumi zikikimbilia kundi moja, na kila nahodha anataka wateja wake waruke majini mbele ya pua za wanyama ili wapate video, mama na mtoto wanaitana katikati ya mngurumo wote huo.

Dada mmoja ninayefahamiana naye, anayeuza safari hizi hapa Moshi, aliniuliza afanye nini basi, kwa sababu asipouza yeye atauza wa jirani. Nilimwambia asiache kuuza. Ampigie simu nahodha kabla ya kumpelekea mgeni, amuulize atazima injini akifika au la, atakaa pembeni au atawakatiza njia, na ataondoka kukiwa tayari na boti ngapi hapo. Mgeni aelezwe mapema kwamba anaweza asiingie majini kabisa. Na wale wanaokuja kati ya mwezi wa saba na wa kumi awaambie habari ya nyangumi-nundu, aombe boti yenye maikrofoni ya kushusha majini kama ipo, wakae kimya injini ikiwa imezimwa, wasikilize. Aliniambia wageni wawili wa kwanza aliowaeleza hivyo walilipa bila kubishana bei, na nahodha mmoja alimkatia simu. Ameshapata mwingine, wa Kizimkazi Mkunguni, ambaye alipoulizwa habari ya injini alijibu kwamba baba yake alikuwa akizima siku zote.